Mbuzi wa Mama

Mama yake mchumba wangu alishuka kwenye treni ya asubuhi pale Voi akiwa na kiondo kimoja, mwavuli mweusi na nia ya kunikataa. Simsingizii, aliniambia mwenyewe miaka mingi baadaye, tukiwa tunamenya viazi. Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya sabini. Mimi nilikuwa na miaka ishirini na miwili, nafundisha watu wazima kusoma na kuandika katika chumba kimoja nyuma ya soko, na hakuna mtu aliyekuwa amenishinda kwa maneno tangu nimalize darasa la saba.

Mchumba wangu alikuwa karani wa mizigo pale stesheni, Mkamba wa upande wa Machakos, mpole, mwenye mwandiko mzuri. Siku moja kabla ya mama yake kufika alinionya.

"Mama hatakula kwenu," alisema. "Hata chai hatakunywa. Usikasirike."

Kwao, mama wa kijana hatii kitu mdomoni nyumbani kwa wazazi wa msichana mpaka mbuzi wafike. Kuna mbuzi wa baba na kuna mbuzi wa mama. Akila kabla ya hapo amejivunjia heshima yeye na amewavunjia wenyeji. Nilikubali bila ubishi, maana sisi Wataita nasi tuna yetu, na mtu mwenye yake hacheki ya mwenzake.

Basi alikuja nyumbani, kwenye chumba chetu cha landhi, zile nyumba za mstari mmoja walizojengewa wafanyakazi wa reli. Akaketi kwenye kiti cha baba, kiondo magotini. Nilimwekea chai kwa sababu ndivyo inavyopasa, naye akaitazama ikipoa kwa sababu ndivyo ilivyompasa. Hapo tulikuwa sawasawa. Kisha akamgeukia baba.

"Mbuzi ya baba nimeona pa kupeleka," alisema. "Hiyo ya mama nitapatia nani?"

Baba akakohoa. Kazi yake ilikuwa kugeuza njia za treni, na katika miaka yote ile hakuwahi kupeleka behewa kusikotakiwa. Lakini mbele ya mama huyu alipotea njia.

"Mama yake alifariki mtoto akiwa na miaka mitano," alisema. "Dada zangu wako kule Wusi."

"Dada zako ni watu wa upande wako. Mimi nauliza upande wa mama."

"Hakuna aliyebaki."

"Sasa huyu msichana alilelewa na nani?"

Baba yangu alikuwa na ugonjwa wa kusema kweli. "Na majirani," akajibu. "Mimi nilikuwa na zamu, mchana na usiku. Kila mtu alisaidia kidogo."

Mama akatikisa kichwa polepole, bila ubaya, na hilo ndilo lililoniuma zaidi. "Mtoto alilelewa na kila mtu," akasema, "huyo hakulelewa na mtu."

Tangu darasa la kwanza, kila mwaka shule ilipofunguliwa, mwalimu aliuliza jina la mama na mimi nilisimama nikasema, "Hayupo." Nililizoea neno hilo kama mtu anavyozoea kiatu kinachobana. Lakini kusema mwenyewe ni jambo moja, na kusemwa na mtu anayekuja kukupima ni jingine. Nilimtaka mwanawe. Tena nilimtaka kwa heshima, mbuzi wote wakiwa wamefika, si kwa kutoroshwa kama kuku.

Mdomo wangu ukatangulia akili.

"Mama," nikasema, "kwetu huli, ni sawa. Lakini huwezi kushinda Voi na njaa. Kesho nitakutembeza mji mzima. Mji huu wa reli una watu wa kila namna, na kila namna na chungu chake. Utakula kwa watu."

"Watu gani?"

"Watu baki tu."

Nilisema hivyo bila kupepesa jicho. Alifikiri kidogo, akakubali. Alikuwa amefikia kwa binamu yake nyuma ya stesheni, na keshokutwa yake alikuwa na treni ya kurudi. Nilikuwa na siku moja.

Siku hizi nasikia watu hulipa pesa nzuri watembezwe miji ya wenyewe na kuonjeshwa vyakula. Mimi nilifanya kazi hiyo Voi kabla haijapata jina, na ningeifanya tena kesho. Alasiri ile ile nilizunguka kwa wanawake niliotaka watupokee. Wa kwanza alikuwa jirani yetu wa landhi, Mjaluo, mke wa mchochea moto wa injini. Wa pili ni mama wa Sagalla aliyeuza ndizi na kimanga sokoni. Wa tatu ni Mswahili wa Majengo, mjane, aliyekuwa na mkono wa nazi usio na mfano toka Voi hadi baharini. Wote watatu walikuwa wamenilea. Ukweli ndio huo. Jirani wa landhi alinisuka nywele na kuniogesha, wa Sagalla alinishika mkono siku ya kwanza ya shule, wa Majengo alinifunza yale ambayo msichana hufunzwa akishakua. Na wote watatu niliwaomba jambo moja: wasiseme.

Jirani alicheka mpaka akashika ukuta. "Yawa! Kwa hiyo kesho mimi sikujui?"

"Unanijua, lakini kwa mbali."

Wa Sagalla alisema sawa, akaendelea kupanga ndizi zake. Wa Majengo ndiye aliyenitazama machoni.

"Unataka nikukane, mwanangu?"

"Siku moja tu, mama. Ameshasema mtoto wa kila mtu si mtoto wa mtu. Nataka anione kama mwalimu anayejulikana mjini, si yatima wa kuzungushwa milango."

"Haya," akasema. "Lakini uongo huo ni wako, mimi nautunza tu."

Palikuwa na mlango wa nne, duka la vitambaa la Mhindi, karibu na posta. Mke wa mwenye duka alipika chapati nyororo kama leso. Kwake sikuomba siri yoyote. Nilimwambia tu kwamba nitakuja na mgeni saa sita, atuwekee chapati na dengu. Haikunijia hata kidogo kwamba yeye naye alikuwa na la kusema.

Asubuhi tulianza saa nne, jua likiwa tayari linachoma. Mama yule alifungua mwavuli na kutembea upande wangu wa kulia, nami nikawa naeleza, mkono hewani, kama mtu aliyeujenga mji kwa pesa zake. Hapa wanakaa wachochea moto, hapa mafundi, kule Waarabu wa kahawa, pale wanashukia watu wa treni ya Taveta. Nilimfunza pia sheria za kila sahani, maana Voi mtu akikosea sahani hasamehewi upesi. Kwa Mjaluo, maliza. Kwa Mhindi, vua viatu na usitaje nyama. Kwa Mswahili, bakisha kidogo, wasidhani umekuja na njaa ya mwaka mzima.

"Na kwa Mtaita?" akauliza.

"Kwa Mtaita ukimaliza unaongezwa, ukibakisha unaulizwa una nini."

Nilimwona akizuia tabasamu. Nikajipa alama.

Jirani alitupokea kwa adabu ya kupita kiasi, akanipa mkono na kuniuliza jina langu la pili, mwongo mkubwa yule. Kisha akaleta ugali na samaki mzima wa Ziwa Jipe, aliyeletwa na treni ya Taveta. Kichwa akamwelekeza mgeni, kwa heshima. Hapo ndipo nilipogundua kosa langu la kwanza. Mama wa umri ule, kutoka vilima vya Ukambani, hakuwahi kula samaki maishani mwake.

"Hii inaniangalia," akasema.

"Inakusalimia," jirani akajibu. Akaja akaketi kando yake, akamgeuza samaki, akaanza kuchambua miiba kwa vidole na kumsogezea nyama nyeupe kwenye ukingo wa sahani, tonge baada ya tonge, kama alivyokuwa akinifanyia mimi nikiwa na miaka sita. Nilitazama vidole vile nikasahau kueleza mji. Mama akala. Akala polepole, akitafuna kwa tahadhari, mpaka akaona mifupa.

"Chumvi imeingia," akasema mwishoni. Kwa Mkamba wa rika lake anayekula samaki mara ya kwanza, hiyo ni sifa.

Kosa langu la pili lilikuwa kubwa zaidi. Nilipanga milango minne nikidhani tutaonja onja. Voi hakuna kuonja. Ukisema umeonja unaulizwa kama chakula kilikuwa kibaya. Tulipofika sokoni, tumbo likiwa limejaa ugali, mama wa Sagalla alikuwa ametuwekea kimanga, ile mihogo na maharagwe iliyopondwa pamoja mpaka inasimama yenyewe, vipande viwili vya ukubwa wa tofali, juu ya jani la mgomba. Akatupa vigoda. Kimanga hakiliwi wima.

Mama alikishika, akakipima uzito, akakiuma. Akatafuna muda mrefu.

"Hii ni chakula ya watu," akasema. "Mtu akikula hii asubuhi, analima mpaka jioni."

Wakaanza mazungumzo ya mihogo, mvua na panya, wanawake wawili wa shamba waliopatana kwa dakika moja, na mimi, mwongoza wageni, nikawa sina kazi. Mama wa Sagalla alitimiza ahadi. Hakusema neno. Ila tulipoinuka alinifuta vumbi kwenye sketi kwa kiganja bila kufikiri, mapigo mawili, pa pa, na mama wa Machakos akaona. Alifungua mwavuli.

"Hapa watu wanakujua," alisema tulipokuwa njiani.

"Mwalimu anajulikana," nikajibu, na kifua kikapanda. Nilijiona nimeshashinda.

Saa sita tukafika dukani. Tulizunguka nyuma, kupitia uani, kama nilivyozoea mimi. Nilikuwa nimekula kwenye ngazi ile ya nyuma tangu darasa la kwanza hadi la saba. Baada ya shule nilipitia pale nikachambua mchele na dengu, nikatoa mawe, kisha nikapewa chapati na chai, hapo hapo kwenye ngazi. Ndani sikuingia. Kikombe changu kilikuwa cha bati, cheupe chenye ukingo wa buluu, na kilikaa dirishani peke yake, hakikuoshwa pamoja na vya nyumba. Nilijua maana yake. Watoto wa wakati ule tulijua mambo hayo bila kuambiwa. Ndiyo sababu sikumhesabu mama yule miongoni mwa walionilea. Nilichambua mchele, nikalipwa chapati. Kazi na ujira, basi.

Alituketisha kwenye baraza ya nyuma. Tukavua viatu. Akaleta chapati, dengu, achari ya ndimu, na chai yenye tangawizi. Mgeni akawekewa kikombe cha chuma kinachong'aa kutoka ndani. Kisha mama Mhindi akanyoosha mkono dirishani, akakishusha kile cha ukingo wa buluu, akanimiminia.

Miaka tisa ilikuwa imepita. Kilikuwa safi, hakina hata utando wa buibui.

Mama wa Machakos akakitazama kikombe, akanitazama mimi. "Mbona wewe umepewa hiyo?"

Kabla sijafungua kinywa, mwenye nyumba akajibu.

"Hii yake," akasema. "Tangu dogo. Mimi hapana napa mtu ingine."

"Alikuwa anakuja hapa?"

"Kila siku! Mama yake kufa, baba yake iko kazi, nani napa yeye chakula saa nane? Huyu toto yangu mimi." Akapiga kifua chake, unga ukaruka. "Chapati ya kwanza yake, kila siku. Mume yangu napata ya pili."

Nilitaka baraza inimeze. Lakini katikati ya aibu hasira yangu ya zamani nayo ikaamka, na kama kawaida haikuchagua wakati.

"Ya kwanza?" nikasema. "Si uliniambia chapati ya kwanza kwenu ni ya ng'ombe?"

"Ndiyo, ya ng'ombe," akasema bila wasiwasi. "Dini yetu. Ng'ombe nakula kwanza. Hapa Voi ng'ombe iko wapi? Tembo tu! Basi mimi napa wewe."

"Kwa hiyo mimi nilikuwa ng'ombe wako."

Alinitazama kama mtu aliyesema jambo jema akajibiwa tusi. Akakosa Kiswahili. Ni mama wa Machakos aliyezungumza, na sauti yake ilikuwa imebadilika.

"Wewe msichana, nyamaza," akasema. "Hujui ng'ombe. Hawa watu ng'ombe yao hawachinji. Wanaiita mama." Akamgeukia mwenye nyumba. "Si ndiyo?"

"Ndiyo, mama," yule akasema, macho yakiwa mekundu. "Ng'ombe ni mama."

Mama wa Machakos alikuwa na kipande cha chapati mkononi. Akakirudisha kwenye sahani. Akasogeza sahani mbali. Akaomba maji, akanawa, akaaga vizuri, akavaa viatu.

Barabarani hakufungua mwavuli.

"Huyu ni mtu baki?" akauliza.

Nikaongeza mwendo.

"Na ile ya samaki? Na ile ya kimanga?"

"Wote," nikasema. "Wote walinilea. Niliwaambia wasiseme."

"Kwa hivyo umenikalisha kwenu. Umenilisha kwenu mara tatu, mbuzi hata moja bado."

Sikuwa nimeliona hivyo. Naapa sikuwa nimeliona. Nilijali tu asijue mimi ni mtoto wa milango, nikasahau kwamba kila mlango, kwa hesabu yake, ulikuwa nyumbani kwa msichana. Mwanamke huyu aliyekataa chai ya baba yangu kwa heshima, mimi nimemlisha ugali, kimanga na chapati kwa hila. Nilikuwa na kiburi cha kutosha mji mzima, na chote kikaniishia pale kwenye vumbi.

"Nyumba ngapi zimebaki?" akauliza.

"Moja. Majengo. Lakini twende nikurudishe kwa binamu yako."

"Nipeleke."

Mama wa Majengo alikuwa ametandika mkeka, sinia katikati limefunikwa kawa, na harufu ya wali wa nazi na mbaazi imejaa hadi nje. Alikuwa amevaa leso mpya. Alisimama akatabasamu ile tabasamu ya mtu anayetunza uongo wa mwenzake. "Karibuni, karibuni, waja wa heri. Karibu mama, chakula kishaiva."

Mama wa Machakos alisimama mlangoni, miguu yote miwili nje ya kizingiti.

"Wewe pia ni mama yake?" akauliza.

Mama wa Majengo akanitazama. Nikainamisha kichwa.

"Ndiyo," akasema. "Ni mwanangu, na nilichoka kumkana tangu jana."

"Basi mimi sitakula hapa. Maji pia sitakunywa. Nimekuja kuona uso yako tu."

Wakashikana mikono, kila mmoja upande wake wa kizingiti, wakakaa hivyo kwa muda niliouona mrefu. Kisha mgeni akageuka akaniambia nimrudishe. Njia nzima hakusema neno, nami sikuwa na la kusema, jambo ambalo halijawahi kunitokea kabla wala baadaye.

Nilipomwacha kwa binamu yake nilirudi Majengo mbio, nikaanguka kwenye mkeka pembeni mwa sinia ambalo hakuna aliyeligusa, nikalia kwa sauti. Nililia kwa ajili ya mchumba wangu, na kwa ajili ya mama yangu ambaye sura yake sikuikumbuka, na kwa aibu ya kumjibu yule Mhindi nilivyomjibu. Nilisema nimekataliwa, hata chakula chako amekisusa, umeona mwenyewe.

Mama wa Majengo aliniacha nilie nikamaliza. Kisha akafunua kawa.

"Kula," akasema. "Na msomi mzima kumbe huna akili. Kwa mtu baki angekula. Alikula kwa wengine alipodhani ni watu baki. Hapa amekataa kula kwa nini?"

Nikamtazama.

"Kwa sababu hapa ni kwenu," akasema. "Haya, nawa mikono."

Kesho yake mama yule aliondoka na treni. Mchumba wangu alimsindikiza, akaniambia hakusema ndiyo wala hapana, aliuliza maswali mawili tu. Mhindi hali nyama kabisa, au hali ya ng'ombe peke yake? Na Mwislamu akipelekewa mbuzi, anataka hai au hata aliyechinjwa? Mchumba wangu hakujua kwa nini anaulizwa. Mimi nilijua.

Siku hiyo hiyo nilikwenda dukani, ngazi ya nyuma, nikaomba radhi. Mama Mhindi akanipa bakuli la dengu nichambue.

Walikuja baada ya mavuno, yeye na shemeji zake wawili, na mbuzi katika behewa la mizigo, wakipiga kelele stesheni nzima. Baba alivaa koti, akawapokea kwenye jukwaa. Mbuzi wake akapewa hapo landhi, na kwa mara ya kwanza mama yule akanywa chai yetu, vikombe viwili. Kisha akasimama, akaniambia nitembee nyuma yake. Leo yeye ndiye anayeongoza.

Alianza Majengo, kwa sababu, alisema, pale aliacha sinia. Mbuzi alikuwa hai, kisu hakijamkaribia. Alisimama mlangoni akapiga hodi. "Mama ya msichana yuko?"

"Yupo!" mama wa Majengo akaitikia kutoka ndani, na mgeni akavuka kizingiti, akala, akabakisha kidogo kama nilivyomfunza.

Sokoni akauliza vilevile, mbele ya wauza ndizi wote. "Mama ya msichana yuko?" Wa Sagalla akainuka kwenye kigoda, akasema yuko, akapokea kamba ya mbuzi wake. Kule landhi, jirani yetu alikuwa anamsubiri mlangoni, akaitikia kabla hajaulizwa, akapiga vigelegele mpaka injini zikanyamaza, au ndivyo alivyosimulia mwenyewe tangu siku hiyo.

Nikadhani tumemaliza. Mbuzi walikuwa wamekwisha. Lakini mama akachukua kiondo chake kwa shemeji yake, kizito, akakitia kamba kichwani mwenyewe, akashika njia ya posta. Tukazunguka nyuma ya duka, uani, hadi kwenye ngazi. Humo kiondoni mlikuwa na ndengu mpya za shamba lake, zimechambuliwa, hamna jiwe hata moja, na juu yake kopo la samli ya ng'ombe wake mwenyewe.

"Hodi," akasema. "Mama ya msichana yuko?"

Mama Mhindi akatoka jikoni na unga mikononi. Aliangalia nyuma yake kwanza, kuona ni nani anayeulizwa. Akaona kiondo. Akaona kopo, akalifungua, akanusa, akajua ni nini. Kisha akaniona mimi nimesimama nyuma ya mwavuli, na mikono yake yenye unga ikashika mlango.

"Iko," akasema. "Mama yake iko hapa."